Wasomaji Wanauliza: Ziwa Itasca, kuni, kupe na chanzo cha Mississippi

Hifadhi ya Jimbo ya Itasca iko kaskazini mwa Minnesota, Marekani, maili 20 hivi kutoka mji mdogo wa Park Rapids. Ilianzishwa tarehe 20 Aprili 1891, na hakuna hifadhi ya jimbo iliyo kongwe kuliko hiyo Minnesota nzima. Ina zaidi ya ekari 32,000 za msitu na maziwa zaidi ya 100, na katika mojawapo ya maziwa hayo, Ziwa Itasca, ndimo unamoanzia Mto Mississippi. Barua zilizotufikia kuihusu ni nyingi. Hapa tumechagua zinazouliza jambo ambalo likikosewa huharibu safari, au huharibu ziwa lenyewe.

Tunataka kwenda na watoto wawili kwa gari moja, tulale kwenye hema. Tunalipa nini, na nafasi tuombe lini?
Mama wa watoto wawili, Saint Paul

Mama, kiingilio huhesabiwa kwa gari, si kwa kichwa. Mwaka 2025 kilikuwa dola 7 kwa siku au dola 35 kwa mwaka, na kibali cha mwaka kinakubaliwa katika hifadhi zote za jimbo la Minnesota. Kwa bei hizo, mkiingia siku 5 ndani ya mwaka, cha mwaka kimeshajilipa. Ila msisahau kwamba kibali hicho ni cha gari tu. Mahali pa kulala panalipiwa kando.

Nafasi za hema hufunguliwa siku 120 kabla ya siku ya kuingia. Wanaokosa ni wale wanaoanza kutafuta shule zikishafungwa. Anayetaka kuingia Julai 3, kwa mfano, siku yake ya kuomba ni Machi 5, wakati ziwa bado limeganda. Kambi za hema ni mbili, Pine Ridge na Bear Paw. Bear Paw iko kando ya ziwa, ndiyo maana inagombewa. Mkikosa Ijumaa na Jumamosi, jaribuni Jumapili hadi Jumatano, maana watu wengi hurudi mjini Jumapili mchana. Uthibitisho wa nafasi upakueni kwenye simu kabla ya kuondoka nyumbani, kwa sababu mtandao ndani ya msitu si wa kutegemea.

Nimeona picha za watu wakivuka Mississippi kwa kukanyaga mawe. Rafiki yangu anasema mawe hayo yamepangwa na binadamu, kwa hiyo chanzo chenyewe ni cha kutengeneza. Ni kweli?
Msomaji, Chicago

Rafiki yako ana haki nusu. Mawe yamepangwa, lakini chanzo ni cha kweli.

Mahali maji yanapotoka ziwani palikuwa kinamasi, na mkondo ulitangatanga humo bila ukingo wa kueleweka. Katika miaka ya 1930 vijana wa Civilian Conservation Corps, mpango wa serikali kuu ulioanzishwa 1933 kuwapa kazi wasio na ajira, walichimba njia mpya ya maji, wakajenga kizuizi kifupi na kukifunika kwa mawe. Ndiyo mawe unayoyaona pichani. Nia ilikuwa kuwapa wageni mahali pa kusimama na kusema mto unaanzia hapa, bila watu kukanyaga tope na kulibomoa.

Ubishi kuhusu ziwa lenyewe ni wa zamani zaidi. Mwaka 1832 mvumbuzi Henry Schoolcraft alifika hapa akiongozwa na Ozaawindib, kiongozi wa Waojibwe aliyeijua njia. Chanzo hicho, basi, hakikuwa siri kwa wenyeji. Mwaka 1836 mwanajiografia Joseph Nicollet akapima vijito vinavyoingia ziwani. Kisha mwaka 1881 mwandishi na mvumbuzi Willard Glazier akatangaza kwamba chanzo halisi ni Ziwa Elk, lililo jirani. Ilibidi mpimaji Jacob Brower aje kulipima bonde zima mnamo 1889, na hitimisho lake ndilo linaloshikwa hadi leo: vijito na chemchemi ni vingi, lakini zinakokusanyika na kutoka kama mto mmoja ni Itasca. Kazi hiyo ndiyo iliyomfanya Brower apiganie hifadhi, na sheria ya 1891 ilipita bungeni kwa tofauti ya kura moja tu.

Kuna jina jingine utakaloliona pale, kwenye jengo la wageni karibu na chanzo: Mary Gibbs. Mwaka 1903, akiwa na miaka 24, alishika usimamizi wa hifadhi baada ya baba yake kufariki. Kampuni ya mbao ilikuwa imeziba mto kwa bwawa ili magogo yaelee, na maji yaliyojaa yakawa yanaua misonobari ya ufukweni. Alikwenda kuwaamuru wafungue milango ya bwawa huku akitishiwa bunduki. Tunalisema hili kwa sababu watu wengi hupiga picha juu ya mawe na kuondoka bila kujua kwamba sehemu ya miti inayowapa kivuli ilinusurika kwa shida.

Sasa ya kufanya. Mawe yana ute wa mwani na yanateleza hata siku ya jua kali. Mto hapo una upana wa futi 18 hivi na maji hayapiti goti la mtu mzima, kwa hiyo ni salama zaidi kuvuka kwa kutembea chini kwenye mchanga kuliko kurukaruka juu ya mawe. Vaa viatu vya kulowana vyenye soli ya mpira, visivyochomoka. Mtoto mdogo mshike mkono upande wa chini wa mkondo. Ukitaka utulivu, fika asubuhi na mapema. Na usishangae mto ukielekea kaskazini: kwanza unakwenda Bemidji, kisha unapinda mashariki, halafu ndipo unashika kusini. Bango linasema maili 2,552 hadi Ghuba ya Meksiko. Vitabu vingine vinaandika pungufu ya hapo, kwa kuwa mto hubadili mikunjo yake na binadamu naye amekata baadhi ya mikunjo hiyo.

Tunazo kuni kavu nyumbani, za mti uliokatwa uani kwetu. Kwa nini tuzinunue upya?
Baba Amani, Minneapolis

Kwa sababu kuni zako zinaweza kuwa na abiria. Katika hifadhi za jimbo la Minnesota zinaruhusiwa kuni zilizoidhinishwa tu, yaani zilizonunuliwa hifadhini au kwa muuzaji aliyethibitishwa, na risiti uwe nayo. Nyingine zinaweza kuchukuliwa, na faini ipo.

Anayeogopwa zaidi ni mbawakawa mdogo wa kijani king'aacho anayeua miti ya jamii ya ashi. Aligunduliwa Minnesota mwaka 2009, mjini Saint Paul. Mdudu mwenyewe haruki mbali sana. Anayemsafirisha ni mwenye gari. Mabuu yake hukaa chini ya gome, yakitafuna tabaka linalopitisha chakula cha mti, na gogo huweza kuonekana kavu na safi huku yamo. Unaliacha usiku mmoja kambini, mdudu anatoka majira yajayo, na baada ya miaka michache ashi za eneo hilo zinaanza kukauka kuanzia juu. Hakuna anayeweza kuzirudisha.

Kuokota kuni msituni nako hakuruhusiwa. Gogo lililooza si taka: hushika unyevu, na miche hupenda kuota juu yake.

Kuni za mfuko mara nyingi ni nene mno kuanzia moto. Njoo na kishoka, pasua vipande 2 au 3 hadi viwe vinene kama kidole gumba, uanze na hivyo. Moto ukae ndani ya duara la chuma lililowekwa, usipande juu ya goti. Kuuzima kuna hatua ambayo watu huiruka: mwaga maji, koroga majivu kwa kijiti hadi chini, mwaga tena, kisha sogeza nyuma ya kiganja karibu na majivu. Ukihisi joto, bado. Majivu yaliyofunikwa kwa mchanga bila maji huweza kuweka kaa hai hadi asubuhi, na upepo ukija moto unaingia kwenye sindano za misonobari zilizotandaa chini.

Je, nahitaji leseni kuvua Itasca? Na nyungunyungu wanaobaki niwaachie udongoni ili wasife bure?
Mvuvi, Duluth

Ukiwa mkazi wa Minnesota, unaweza kuvua bila leseni ukiwa ufukweni mwa hifadhi ya jimbo, au kwenye boti kama ziwa lote limo ndani ya hifadhi, isipokuwa kwenye maji yanayodai stempu ya kuvua samaki aina ya trauti. Ziwa Itasca lote limo ndani. Mgeni kutoka jimbo jingine lazima awe na leseni. Idadi, ukubwa wa samaki na misimu vinabaki palepale kwa wote wawili. Msimu wa samaki aitwaye walleye, kwa mfano, hufunguliwa katikati ya Mei.

Kuhusu nyungunyungu, ndugu yetu, tafadhali usiwaachie. Huruma hiyo inaua msitu. Misitu ya kaskazini mwa Minnesota haina nyungunyungu wa asili. Barafu kubwa za kale zilifuta udongo huo, na msitu uliorudi baadaye ulijijenga bila wao. Chini ya miti mikubwa kuna blanketi la majani yaliyooza polepole, na humo ndimo maua ya porini na miche ya miti hupata unyevu na kinga. Nyungunyungu wa chambo asili yake ni nje ya Marekani, na wakishaingia hula blanketi hilo hadi udongo unabaki mtupu na mgumu. Kisha miche inakosa pa kuota. Chambo kilichobaki, kiwe hai au kimekufa, kitie kwenye mfuko ukifunge na ukitupe kwenye pipa la taka. Usikitupe majini wala vichakani. Samaki wadogo wa chambo ukitaka kuwahifadhi, mwaga maji ya ziwa na uwawekee maji uliyotoka nayo nyumbani.

Angalia pia chubwi zako. Luni, yule ndege mkubwa wa majini mwenye madoa meupe mgongoni, humeza vijiwe vya kumsaidia kusaga chakula tumboni. Akiokota chubwi ya risasi badala ya kijiwe, moja tu inatosha kumuua kwa sumu. Zipo chubwi za bati, chuma cha pua na tangsteni. Za bati ni nyepesi kuliko risasi, kwa hiyo chukua saizi moja juu ya uliyozoea.

Tunakuja na mtumbwi wetu uliokuwa ziwa jingine wiki iliyopita. Kuna masharti?
Msomaji, Fargo

Yapo, na msingi wake ni usafi. Kabla ya kuondoka kwenye ziwa lolote, ng'oa magugu yote, hata uzi mmoja ulionasa kwenye kafi, mwaga maji yote, na kama chombo kina kizibo cha chini kitoe na usafiri nacho kikiwa kimetolewa. Hiyo ni sheria Minnesota. Adui ni kome wadogo wa milia. Kome mkubwa unamwona, lakini watoto wake hawaonekani kwa macho na huishi katika vikombe viwili vitatu vya maji vilivyobaki chini ya mtumbwi. Kausha chombo kwa siku 5 au zaidi. Kama huna siku hizo, kioshe kwa maji ya nyuzi 49 za Selsiasi kwa dakika 2, au nyuzi 60 kwa sekunde 10. Maji ya bomba ya kawaida hayatoshi. Sponji, kamba na nanga huchelewa kukauka kuliko mtumbwi wenyewe, na ndivyo watu husahau.

Kila aliyemo awe na jaketi la kuokoa maisha linalomtosha, na mtoto chini ya miaka 10 lazima alivae chombo kikiwa safarini. Tunashauri wakubwa nao walivae hasa Mei na mapema Juni. Jua linaweza kuwa kali na maji yakawa bado ya baridi ya kukata pumzi. Mtu akianguka humo huvuta pumzi kwa nguvu bila kutaka, na kichwa kikiwa chini ya maji hiyo ndiyo pumzi ya mwisho. Ziwa Itasca lina mikono mitatu mirefu. Upepo ukivuma kufuata mkono mmoja, mawimbi hupanda haraka. Fuata ufukwe, usikate katikati.

Mwanangu aliogelea Julai, jioni akajaa vipele vya kuwasha miguuni. Nimeogopa kichocho. Huko Minnesota kipo?
Mama mwenye wasiwasi, Rochester

Pole, mama. Kichocho hakiambukizwi katika maziwa ya Minnesota. Ila hofu yako haikutoka mbali, kwa sababu aliyemwasha mwanao ni ndugu wa mnyoo wa kichocho.

Mnyoo huyu ni wa ndege. Mayai hutoka na kinyesi cha bata, huingia kwa konokono, na siku za joto konokono huachia maelfu ya viluwiluwi visivyoonekana, vinavyotafuta bata mwingine. Vikimkuta mtu vinatoboa ngozi, lakini mwili wa binadamu si makao yao, hivyo vinafia palepale. Havifiki kwenye damu, havifiki kwenye kibofu wala ini. Vipele ni mzio wa ngozi dhidi ya vilivyokufa. Ndiyo sababu mtu wa mara ya kwanza huweza asihisi kitu, na aliyewahi kupata awashwe zaidi.

Huisha ndani ya wiki moja hivi. Paka krimu ya haidrokotizoni au uji mzito wa magadi ya kuokea, na kucha za mtoto zikatwe, kwa maana hatari iliyobaki ni kujikuna hadi kidonda kiingie bakteria. Vipele hivi haviambukizi mtu mwingine. Kinga yake: akitoka majini mfute kwa taulo mara moja na kwa nguvu kiasi, kabla maji hayajakauka mwilini, kwa sababu viluwiluwi hutoboa maji yakiwa yanakauka. Asichezee kwenye maji ya kina kifupi yenye majani, ambako konokono wako wengi. Na msiwape bata mikate ufukweni.

Kama mwanao aliwahi kuoga katika maziwa au mito yenye kichocho kwingineko na hakupimwa, hilo ni jambo jingine, na daktari aambiwe waziwazi.

Kupe wa Minnesota wanasemwa sana. Je, niache kwenda?
Dada, Saint Cloud

Usiache, dada. Jiandae tu. Kupe wa kulungu, mwenye miguu myeusi, ndiye anayebeba ugonjwa wa Lyme. Hatari zaidi ni kupe huyo akiwa bado mchanga, Mei hadi Julai, ambapo si mkubwa kuliko nukta inayofunga sentensi hii. Kupe wa mbao, mkubwa na mwenye alama nyeupe mgongoni, anaudhi lakini haambukizi Lyme.

Kupe haruki wala hadondoki kutoka mtini. Hupanda kwenye ncha ya jani, hunyoosha miguu ya mbele na kungoja mguu upite. Kwa hiyo tembea katikati ya njia, na suruali ichomekwe ndani ya soksi. Nguo na viatu vipulizie permethrini, dawa ya kuua kupe, ya asilimia 0.5, zikauke kabisa kabla ya kuvaa. Isipakwe mwilini. Ngozi ipakwe dawa ya kufukuza wadudu yenye DEET ya asilimia 20 hadi 30, ambayo itasaidia pia kwa mbu, na Juni mbu ni wengi mno. Jioni jikague nyuma ya magoti, kinenani, kitovuni, kwapani, nyuma ya masikio na kwenye mstari wa nywele. Nguo zikiwa kavu, dakika 10 za mashine ya kukaushia kwenye joto la juu huua waliobaki.

Ukimkuta ameng'ata, tumia kibano chenye ncha nyembamba, mkamate karibu kabisa na ngozi, vuta moja kwa moja bila kuzungusha. Mafuta, kiberiti na rangi ya kucha humfanya akae zaidi huku mate yake yakiendelea kuingia. Kwa kawaida lazima awe ameng'ang'ania zaidi ya saa 24 ndipo aambukize, kwa hiyo kukagua kila jioni kuna maana kubwa. Andika tarehe. Ukiona wekundu unaotanuka au homa kati ya siku 3 na 30 baadaye, nenda hospitali. Ukiwahiwa, antibiotiki huuponya vizuri.

Chakula tukiweke wapi, kuhusu dubu?

Ndani ya gari lililofungwa, vioo vimepandishwa, pamoja na dawa ya meno, sabuni, chakula cha mbwa na sufuria ambayo haijaoshwa. Kamwe kisikae ndani ya hema, hata pipi ya mtoto. Wanaolala kambi za kutembea kwa miguu watundike mfuko futi 10 juu ya ardhi na futi 4 kutoka shina. Dubu mweusi akitokea, msikimbie. Simameni pamoja, inueni mikono, pigeni kelele na mwachieni njia. Dubu aliyezoea chakula cha watu mara nyingi mwisho wake ni kuuawa, na aliyemzoesha huwa ameshaondoka.

Usiku tulisikia kicheko cha ajabu ziwani, kisha kilio kirefu kama cha mbwa mwitu. Ni nini?
Wanafunzi watatu, Moorhead

Luni. Kilio kirefu ni cha kuitana, mmoja upande huu wa ziwa na mwingine ule. Kile mlichoita kicheko ni king'ora cha wasiwasi, na mkikisikia mchana mkiwa kwenye mtumbwi, maana yake mmesogea mno. Miguu yake iko nyuma kabisa ya mwili, hodari kwa kupiga mbizi lakini hovyo kwa kutembea, kwa hiyo hutaga palepale maji yanapokutana na nchi kavu. Mkimfukuza kwenye kiota, mayai hupoa au kunguru huyachukua. Kaeni mbali, futi 200 au zaidi, na akijiinua wima juu ya maji rudini nyuma.

Kwenye njia ya msituni tuliona misonobari michanga imebanwa karatasi kwenye ncha kwa pini za stepla. Mwanangu akataka kuzitoa akidhani ni takataka. Ni za nini?
Mwalimu, Bemidji

Ahsante kwa kumzuia, mwalimu. Karatasi hizo huenda ndizo zinazoamua kama mti utakuwepo miaka 200 ijayo.

Msonobari mweupe hukua kwa chipukizi la katikati, lile la juu kabisa. Kulungu hulipenda wakati wa baridi, mboga nyingine zinapokuwa chini ya theluji. Akilila mwaka mmoja, tawi la pembeni huchukua nafasi na mti hupinda. Akilila kila mwaka, mti wa miaka 10 unabaki kichaka cha kimo cha goti. Hifadhi ilipopiga marufuku uwindaji miaka ya mwanzo, kulungu waliongezeka hadi miche ikawa haipiti, na uwindaji wa kudhibitiwa ukarudishwa miaka ya 1940. Athari ya miongo ile bado inaonekana: misonobari mizee ya miaka 200 na zaidi ni mingi, michanga ni michache.

Kazi hufanywa vuli, kabla theluji haijatulia. Karatasi nyepesi ya kawaida hukunjwa kuzunguka chipukizi la juu, ukingo wake wa juu ukipita ncha kidogo tu, kisha hubanwa kwa pini 2 au 3. Angalau pini moja lazima ishike sindano kadhaa za mti, la sivyo upepo huivua. Watu hukosea kwa kuibana mno ikalikaba chipukizi, au kufunika ncha kabisa. Ikiwa wazi juu, chipukizi la machipuko hupenya lenyewe na karatasi huoza. Hurudiwa kila mwaka hadi ncha ipite kimo ambacho kulungu hufikia, futi 5 au 6.

Adui wa pili ni kuvu ya kutu, ambayo hukaa nusu ya maisha yake kwenye vichaka vya jamii ya karanti na gusberi na kuingia msonobarini kupitia sindano za matawi ya chini yenye unyevu. Ndiyo maana utaona pia matawi ya chini yamekatwa.

Msonobari mwekundu, mti rasmi wa Minnesota, una shida tofauti: unahitaji moto. Gome lake nene la vipande vya rangi ya kutu huvumilia moto wa chini, na moto huo huchoma vichaka na majani makavu, mbegu ikafika kwenye udongo wenye mwanga. Moto ulipozimwa kwa miaka mingi, vichaka vilisonga chini ya miti. Sasa wasimamizi wa hifadhi huchoma vipande vilivyopangwa, siku ambazo upepo na unyevu vinaruhusu. Mkiona eneo jeusi chini ya misonobari hai, hapo hapajaharibiwa. Warudisheni wanafunzi miaka miwili baadaye na muinamishe vichwa kutafuta miche, yenye sindano ndefu zinazotoka mbilimbili.

Je, Januari mtu anaweza kutembea juu ya ziwa?
Msomaji, Grand Forks

Anaweza, kama barafu ni safi, ngumu, ya rangi ya samawati au nyeusi, na unene wake ni inchi 4 au zaidi. Pikipiki ya theluji inataka inchi 5 hadi 7, gari dogo inchi 9 hadi 10. Barafu nyeupe iliyochanganyika na theluji ina nguvu nusu tu, hivyo vipimo hivyo viongeze mara mbili. Theluji nzito juu ya barafu huwa kama blanketi: hairuhusu igande zaidi, na uzito wake huikandamiza.

Usipime mara moja ufukweni ukaridhika. Toboa kwa keekee au mtalimbo kila hatua 50, kwa sababu chemchemi za chini huila barafu kutoka ndani mahali usipopatarajia. Mahali mto unapotoka ziwani, pale penye mawe, paepukwe kabisa: maji yanayotembea hapo hayaachi barafu kuwa nene, hata baridi iwe kali namna gani. Vaa shingoni misumari miwili yenye mishikio, iliyounganishwa kwa kamba. Ukizama, geukia ulikotoka, kwa kuwa barafu ile ndiyo iliyokubeba, choma misumari, piga miguu kama unaogelea, toka kwa tumbo na ujibingirishe hadi mbali na tundu kabla ya kusimama.